Giza la Macho Wakati wa Kusujudu



Ndugu zangu wanafunzi, somo letu la leo ni la fiqhi na afya kwa pamoja. Muislamu anasujudu, kichwa kinazidi kumuuma na macho yanaingia giza kwa sekunde chache. Afanye nini? Kwetu Mahoko, mwenye kulalamika hivyo huambiwa anunue miwani sokoni au asomewe ruqya. Kisomo ni kheri, lakini kuna jambo tunalopaswa kulijua.

Fuvu la mtu mzima halitanuki. Ndani yake mna ubongo, damu, na maji yanayouzunguka ubongo. Maji hayo ni kama mililita 150, na mwili hutengeneza takriban mililita 500 kila siku, huku ya zamani yakirudi kwenye damu. Maji yakikosa njia ya kutoka, au uvimbe ukiota, presha ya ndani ya kichwa hupanda. Hii si presha ya damu, wala si presha ya jicho lenyewe. Neva ya jicho imevikwa utando uleule unaofunika ubongo, kwa hiyo presha huifikia na kuivimbisha pale inapoingia jichoni.

Dalili zake ni kichwa kinachouma zaidi ukilala, ukiinama au ukikohoa, kutapika, kuona vitu viwili viwili, na mvumo masikioni unaofuata mapigo ya moyo. Mara nyingi uoni huanza kupotea pembeni huku katikati ukibaki mzuri. Ndiyo maana mtu anaweza kusoma herufi zote za ukutani na bado yumo hatarini. Ni lazima tabibu aangalie nyuma ya jicho, kwani neva ikishakufa hairudi.

Miongoni mwa sababu ni uvimbe wa ubongo, na homa ya uti wa mgongo, hasa ile ya kuvu inayowapata wenye VVU ambao kinga yao imeshuka. Ipo pia aina isiyo na uvimbe, inayowapata zaidi wanawake vijana walioongezeka uzito. Dawa kama doxycycline, na vidonge vya chunusi vya jamii ya vitamini A, navyo vinaweza kuileta. Tusimeze dawa za chunusi kwa ushauri wa rafiki wa bwenini.

Sasa tuje kwenye fiqhi. Imepokewa kwamba Ibn Abbas (r.a.) alipopoteza uoni, mtu mmoja alijitolea kumtibu kwa sharti aswali siku saba akiwa amelala chali. Akawauliza Masahaba, nao wakamhofia kufa ndani ya siku hizo na swala zake zikiwa hivyo. Akaiacha tiba. Imam Malik alishika msimamo huo, akakataza. Imam Abu Hanifa aliruhusu. Katika madhehebu ya Shafii, Imam Nawawi (aliyefariki 676 Hijria) ameeleza katika al-Majmu' kauli mbili, na iliyo sahihi zaidi kwa wengi wao ni kwamba inajuzu, wala mtu harudii swala zake.

Ikiwa kisimamo, ambacho ni nguzo, huachwa kwa kuhofia upofu, naona kuinama nako ni hivyo hivyo. Aliyekatazwa kuinama atasimama akiweza, kisha atarukuu na kusujudu kwa ishara, sijda ikiwa chini zaidi kuliko rukuu.

Lakini zingatieni sharti la wanazuoni: awe tabibu mwaminifu na mjuzi ndiye aliyesema hivyo. Ruhusa hii haijengwi juu ya dhana yako wala ya jirani. Kwa hiyo anayeziona dalili hizi aanzie kituo cha afya bila kuchelewa, aombe barua ya rufaa hadi afike kwa daktari wa macho. Na uoni ukishuka ghafla, au homa na shingo kukakamaa vikiambatana na maumivu ya kichwa, aende hospitali siku hiyo hiyo.

Macho ni amana, nasi tutaulizwa juu yake.

Wallahu a'lam.