JUMATANO: Jicho Lisilofumba

Soma Ayubu 7:13–20. Mbali na madonda yake, ni jambo gani linalomchosha Ayubu hapa?

Ayubu amefiwa na watoto, mali imekwisha, ngozi imepasuka. Lakini katika mafungu haya analia juu ya jambo jingine: anatazamwa. Anachunguzwa kila asubuhi, hapewi hata nafasi ya kumeza mate. Kitandani, alikotumaini kupumzika, anatishwa na ndoto.

Watu wengi wa Ujerumani Mashariki waliijua hali hiyo. Polisi wa siri, Stasi, walioanzishwa mwaka 1950, walikuwa na watumishi wapatao 91,000 mwaka 1989, katika nchi ya watu kama milioni 16. Hao ni mbali na watoa habari, ambao walikuwa majirani, wafanyakazi wenza, hata jamaa. Mwaka 1976 ulitolewa mwongozo wa namna ya kumvunja mtu bila kumfunga: kumchafulia jina, kumkwamisha kazini, kumgombanisha na rafiki zake. Wakati mwingine maofisa waliingia nyumbani kwa siri na kuhamisha vitu vidogo tu. Mwenye nyumba angemwambia nani? Alianza kuitilia shaka akili yake mwenyewe. Haikuwa lazima kumtazama kila mtu. Ilitosha mtu asijue kama anatazamwa, naye akawa mlinzi wa ulimi wake mwenyewe. Faili zilipofunguliwa kwa wahusika mwaka 1992, wako waliogundua kwamba aliyewaripoti ni mwenzi wao wa ndoa.

Sasa linganisha malalamiko ya Ayubu na Zaburi 139:1–12, 23, 24. Daudi naye hana pa kujificha, lakini anamaliza kwa kuomba achunguzwe zaidi! Kwa nini?

Ayubu anadhani Mungu anamvizia ili ahesabu makosa yake (Ayubu 10:14). Hajui anachokijua msomaji tangu sura ya 1: anayezungukazunguka akitafuta la kumshitaki ni mwingine, na Mungu, alipomtazama Ayubu, alimsifu. Hata hivyo Mungu hakumkemea kwa kusema kwamba amechoka kutazamwa. Kilio chake kimeachwa ndani ya Maandiko.

Hajiri, mjakazi aliyekimbia, alifarijika kwa kuonwa (Mwanzo 16:13). Je, watoto wa nyumbani kwako huambiwa kwamba Mungu anawaona wakati gani: wanapokosa tu, au pia wanapolia?