Usimlipe Mtu Akuweke Kwenye Filamu

Wadogo zangu wa Kasese, Bwera, Kisinga na Hima, leo nimeweka kando barua nyingine zote kwa sababu hii moja haiwezi kungoja. Imetoka kwa binti wa Bwera aliyemaliza S.6. Mama yake anauza vitenge soko la Mpondwe. Yeye anapenda kuigiza tangu michezo ya shuleni na ya Krismasi kanisani, na kila aliyemwona jukwaani alimwambia ana kipaji. Sasa kuna mtu amemwandikia kwenye WhatsApp, anajiita mtu wa filamu kutoka Kampala. Anataka shilingi laki tatu za kuandikisha jina, na picha akiwa amevaa nguo chache, kisha atampangia safari. Binti ananiuliza: "Dada, nitume? Nafasi hii ikinipita, itarudi?"

Mdogo wangu, usitume pesa. Usitume picha. Mwigizaji hulipwa kwa kazi yake, halipi ili aipate. Mtu anayetafuta waigizaji kweli atakupa maneno uyasome mbele yake, atakuambia uyarudie kwa hasira, kisha kwa huzuni, atakutazama unavyosikiliza mwenzako anapozungumza. Atakuita mahali penye watu, mchana, na hatakasirika ukija na mama au mjomba. Anayekudai siri ameshakueleza yeye ni nani. Na ujue Uganda ina sheria ya mwaka 2009 dhidi ya usafirishaji haramu wa binadamu: kumlaghai mtu kwa ahadi ya kazi ili akatumiwe vibaya ni kosa kubwa la jinai. Kwa hiyo jumbe za huyo mtu usizifute. Zihifadhi.

Sijamaliza, maana nikiishia hapo utadhani dada yako ni mmoja wa wale wanaosema filamu ni kazi ya wahuni. Sikubaliani nao hata kidogo. Nataka ujue habari za mwanamke wa upande wetu huu wa magharibi aliyefika kwenye filamu kubwa kabla mama yako hajaolewa: Elizabeth Bagaya, binti wa Mfalme Rukidi wa Tatu wa Toro.

Najua baadhi ya wazee wetu wakisikia Toro wanakunja uso. Wana sababu. Ni utawala wa Toro ambao Isaya Mukirane na Wakonzo wenzake waliukataa mwaka 1962 walipotangaza nchi yao ya Rwenzururu, na milima yetu ilimwaga damu nyingi kwa ajili hiyo. Mimi nimelelewa na simulizi hizo na sizidharau. Hata hivyo maisha ya mwanamke huyu yana somo ambalo binti wa Kikonzo analihitaji, nami sitakunyima kwa sababu ya ugomvi wa mababu.

Alizaliwa mwaka 1936. Alisoma Gayaza, kisha Uingereza, akaingia Chuo Kikuu cha Cambridge na kumaliza shahada ya sheria mwaka 1962. Mwaka 1965 akawa mwanamke wa kwanza kutoka Afrika Mashariki kukubaliwa kuwa wakili nchini Uingereza. Kaka yake aliporithi kiti, yeye akawa Batebe, dada anayekaa karibu na mfalme na kumshauri. Mwaka 1967 serikali ya Obote ikafuta falme zote, na cheo kikaondoka. Mwaka huohuo akaalikwa London kushiriki maonyesho ya mavazi ya nchi za Jumuiya ya Madola, na hapo ikaanza kazi yake ya uanamitindo. Picha zake zikatoka katika Vogue na Harper's Bazaar wakati ambapo sura nyeusi ilikuwa nadra sana katika magazeti hayo.

Kisha filamu. Mwaka 1971 alikuwa miongoni mwa waigizaji wakuu katika filamu iliyotengenezwa kutokana na riwaya za Chinua Achebe, iliyopigwa Nigeria. Filamu kubwa iliyofuata, Sheena, ilitoka mwaka 1984. Ilipigwa Kenya, naye aliigiza mganga aliyemlea shujaa wa hadithi. Filamu yenyewe wahakiki waliiponda.

Hesabu hapo, mdogo wangu. Kati ya filamu hizo mbili kuna miaka 13. Mwanamke msomi, mzuri wa sura, binti wa mfalme, anayejulikana New York na London, na bado filamu zilimwita kwa nadra namna hiyo! Hakukaa dirishani akizingoja. Alikuwa balozi, na Februari 1974 Idi Amin akamteua waziri wa mambo ya nje. Baada ya utawala wa Amin akaendelea na maisha yake, na mwaka 1986 serikali ya Museveni ikampeleka Washington kuwa balozi. Kila mlango ulipofungwa alikuwa na kazi nyingine mkononi. Filamu ni kama mvua ya kwetu bondeni: anayeitegemea hiyo peke yake atalala njaa.

Kuna jambo la pili kwake ambalo nalipenda zaidi. Novemba 1974 Amin alimfukuza kazi, na ili kumdhalilisha ikatangazwa kwamba alifanya mapenzi na mzungu katika choo cha uwanja wa ndege wa Orly, Paris. Uongo huo ulienea dunia nzima. Alitoroka nchi mwaka 1975, na akiwa uhamishoni aliyashtaki magazeti ya ng'ambo yaliyouchapisha. Akashinda. Wewe unaniambia majirani wameanza kusema mwigizaji na malaya ni mtu mmoja. Waache waseme, lakini usimpe yeyote picha ya kulishia midomo yao. Huyu mama alisingiziwa uongo, na sheria aliijua.

Utaniambia: Dada, huyo alizaliwa ikulu, mimi nimezaliwa kando ya mto Lhubiriha. Ni kweli, na tofauti hiyo ni kubwa. Basi mtazame Madina Nalwanga. Alipatikana kwenye darasa la ngoma la mtaani Kampala, akapewa nafasi ya mhusika mkuu, Phiona Mutesi, katika Queen of Katwe ya mwaka 2016, filamu ya Mira Nair, akiigiza pamoja na Lupita Nyong'o. (Ni Katwe ya Kampala, wadogo zangu, si Katwe yetu ya chumvi.) Hakununua nafasi hiyo. Waliokuwa wakitafuta walimkuta akifanya anachokipenda, mbele ya watu.

Kwa hiyo anza hapohapo. Kikundi cha kanisa kinachoigiza Pasaka, wimbo na ngoma za Kikonzo kwenye arusi, michezo ya redio za Kasese inayoelimisha kuhusu afya: kote huko unajifunza kupaza sauti, kukumbuka maneno na kutulia watu wanapokutazama. Wewe unazungumza Lhukonzo, Kiswahili cha Kasindi ng'ambo ya mpaka, na Kiingereza cha shule. Hiyo ni mali, maana mwongozaji anayepiga filamu mpakani atamhitaji mtu wa namna hiyo. Na kama matokeo yako ya S.6 yanaruhusu, omba chuo. Makerere wanafundisha sanaa za maonyesho na filamu, na ukiona ada ni nzito, chukua ualimu au ushonaji kwanza. Fundi wa nguo hakosi kazi mahali panapotengenezwa filamu, na akiwa pale anaweza kuonekana.

Kuhusu kama nafasi itarudi: nafasi iliyokujia haikuwa nafasi. Leo jioni mama akifunga biashara, keti naye, mfungulie simu, asome kila ujumbe. Kisha mwende wote wawili polisi Bwera, kwenye kitengo cha familia na watoto. Ukiona aibu kumwambia peke yako, niandikie. Ijumaa ni siku ya soko, nitakuja Mpondwe tumwambie pamoja.