Mrithi na Msimamizi Wake
Somo: Luka 15:11 hadi 16:2, Wagalatia 4:1-2

Wapendwa, tukifika mwisho wa Luka 15 huwa tunafunga Biblia. Mwana mpotevu amerudi, ndama ameliwa, amina. Hebu soma mbele kidogo. Sura ya 16 inaanza na wakili (si yule wa kortini, ni msimamizi wa mali) aliyeajiriwa na tajiri, na shtaka lake ni lile lile la kijana: kutapanya. Kwa Kigiriki Luka ametumia neno moja kwa wote wawili. Kijana alitapanya urithi wake. Huyu wa mshahara alitapanya mali ya mwingine, tena akiwa kazini.

Kwa hivyo familia ikisema, "Huyu kijana atakula shamba lote, tumtafutie mtu wa kumshikia pesa," hapo ni nusu ya kazi. Paulo anasema mrithi akiwa mtoto huwa chini ya wasimamizi hadi wakati aliouweka baba. Wasimamizi, si mmoja. Hata Sheria ya Urithi ya Kenya, Sura ya 160, mrithi akiwa mtoto, kwa kawaida hutaka wasimamizi wasiopungua wawili, na korti inaweza kuwadai hesabu.

Kudai hesabu si kukosa imani, jameni. Yule tajiri alimwita wakili wake akamwambia alete hesabu.

Kama kwenu kuna pesa za yatima mikononi mwa mjomba, hesabu iliandikwa lini mara ya mwisho? Muulizeni wiki hii, kwa heshima, mkienda wawili.