Katani ni ipi?

Neno katani huleta ubishi kila litajwapo, kwa sababu kila mtu alitajapo ana mmea wake akilini. Aliyepata kukaa Tanga atasema katani ni nyuzi za mkonge. Aliyesoma magazeti ya Ulaya atasema ni mmea ambao hutengenezewa nguo, karatasi, mafuta na hata kuta za nyumba, naye huuliza kwa nini mkulima wa Arua au Koboko asiupande na kutajirika. Wa tatu atawacheka wote na kusema katani ni bangi tu, na aipandaye atalala mahabusi. Wote watatu wamesema kweli, na hapo ndipo hatari ilipo, maana mtu aweza kusikia sifa za mmea mmoja akaenda kupanda mwingine.

Tuanze na jina. Waarabu huita kattan ule mmea ambao nyuzi zake laini hufumwa nguo nyeupe. Waswahili wa pwani walipata humo maneno mawili: kitani, yaani ile nguo nzuri itajwayo katika Biblia, na katani, yaani nyuzi ngumu za kamba. Basi katani ni jina la nyuzi kuliko kuwa jina la mti. Wazungu nao walichanganya vivyo hivyo. Kamba za meli zilizotoka Manila, katika visiwa vya Ufilipino, waliziita katani, na kumbe mmea wake ni ndugu wa mgomba. Ukiuona utadhani ni shamba la matoke.

Katani ya asili hasa ni ule mmea ambao wataalamu huuita Cannabis sativa. Ndiyo, ni mmea mmoja na bangi. Tofauti iko katika mbegu na katika malezi. Aina za nyuzi zimechaguliwa kwa miaka mingi hata zikawa na kiasi kidogo sana cha ile dawa ya kulevya iitwayo THC. Marekani, kwa sheria ya mwaka 2018, hukubali mmea kuwa katani ikiwa THC yake haizidi sehemu 3 katika 1,000. Ukizidi hapo ni bangi.

Mbegu za nyuzi hupandwa kwa kubanana, ili kila mche ugombee jua, urefuke bila kutoa matawi. Baada ya miezi mitatu au minne mabua hukatwa, kisha hulowekwa majini au huachwa chini yapate umande. Vijidudu hula ile gundi iliyoshika nyuzi kwenye ganda. Hapo mabua huanikwa, huvunjwavunjwa na kuchanwa kama nywele. Nyuzi hizo ndizo zilizokuwa kamba na matanga ya meli za Ulaya kwa mamia ya miaka. Mfalme Henry wa Nane wa Uingereza alizithamini hata mwaka 1533 ikatungwa sheria ya kuwalazimisha wakulima wenye ardhi ya kutosha kutenga sehemu ya kupanda katani au kitani. Kiini cha bua huchanganywa na chokaa kikawa ukuta, au hutandikwa chini ya farasi. Mbegu huliwa na hukamuliwa mafuta. Sifa hizo zote ni za haki.

Lakini kuna jambo ambalo wasifiaji hawalitaji, nalo ni la jiografia. Mmea huu huhesabu saa za mchana. Nchi za Ulaya, wakati wa kiangazi chao, jua hukaa saa 15 au zaidi, na mmea huendelea kurefuka. Siku zianzapo kufupika, hapo hutoa maua. Sasa angalieni ramani. Arua iko kiasi cha nyuzi 3 tu kaskazini ya ikweta, na mchana wetu ni karibu saa 12 mwaka mzima. Mbegu ya Ulaya ikipandwa hapa hudhani kiangazi kimekwisha. Hutoa maua ingali fupi, na bua fupi halina nyuzi za maana. Wako wataalamu wanaotafuta mbegu za kufaa nchi za joto, ila mtu asidanganywe kwamba mbegu iliyostawi Ufaransa itastawi vivyo hivyo Koboko.

Tena kuna sheria. Uganda ilitunga sheria mpya ya madawa ya kulevya mwaka 2023, baada ya mahakama kuibatilisha ile ya kwanza mwezi wa Mei mwaka huohuo. Sheria hiyo yakataza kulima mmea huu bila idhini ya serikali. Kijana akikutwa na miche nyuma ya jiko la mama yake, kumwambia askari kwamba alikusudia kusokota kamba hakutamsaidia.

Mkonge ni habari nyingine kabisa, hauna undugu wowote na bangi. Asili yake ni Meksiko. Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida mwaka 1893, na iliyofika Tanga ingali hai ilikuwa 62 tu. Kutokana na hiyo 62 yalitoka mashamba makubwa yenye reli zake, mashine za kusaga majani ambazo wenyeji huziita korona, na vibarua walioitwa manamba. Vita vya pili vilipokata njia ya katani ya Ufilipino, mkonge wa Afrika Mashariki ulitakiwa kuliko wakati wowote. Kufika mwaka 1964 Tanganyika ilitoa karibu tani 230,000. Kisha ikaja kamba ya plastiki, bei ikaanguka, na mashamba mengi yakarudi kuwa msitu. Nendeni sokoni Arua mkatazame: magunia mengi na kamba za kufungia mizigo ya boda boda ni plastiki.

Hata hivyo mkonge ulioko mpakani mwa shamba haufai kudharauliwa. Kata majani ya chini, paa kwa ubapa wa panga butu juu ya ubao mpaka nyama ya jani itoke, osha, anika. Angalia maji yake yasikuguse sana, kwani huwasha. Katika kilo 100 za majani utapata nyuzi kiasi cha kilo 4 tu, na hesabu hiyo ndiyo ielezayo kwa nini mashamba ya Tanga yalihitaji reli. Lakini kilo 4 za nyuzi ni kamba nyingi za kufungia mbuzi.

Mmea wa tatu ni wa kwetu zaidi, nao ni kenafu. Jina lake la kitaalamu, Hibiscus cannabinus, maana yake ni hibiskasi iliyofanana na katani, kwa sababu ya majani yake yaliyogawanyika kama vidole. Asili yake ni Afrika, na ni jamaa ya bamia, kama uonavyo katika ua lake lenye moyo mwekundu. Wenzetu Waacholi na Walango hupika majani ya jamii hii, yale machachu, pamoja na simsim au karanga, wakaiita malakwang. Ganda la bua lake likilowekwa kama nilivyoeleza hutoa nyuzi za kamba na magunia zilizo karibu sawa na juti ya Bangladeshi. Nao huhesabu saa za mchana, lakini zipo aina zisizojali sana. Yafaa walimu wa kilimo wazitafute hizo.

Nimeuacha mwisho ule ambao naona una kazi kubwa kuliko yote katika wilaya zetu, ingawa kamba yake si kitu. India wana mmea wa kunde wanaousokota kamba, nao huitwa katani ya Kihindi. Ndugu yake wa Kiafrika ni marejea. Wabenediktini wa Peramiho, karibu na Songea, waliueneza sana kusini mwa Tanzania, na katika miaka ya 1990 ulijaribiwa Uganda mashariki pamoja na mahindi na maharagwe. Jina lake lasema kazi yake: hurejesha rutuba. Mizizi yake ina vinundu vyenye vijidudu ambavyo huchukua naitrojeni hewani na kuileta udongoni.

Ardhi ya Nile Magharibi imechoka. Tumbaku imelimwa Maracha, Koboko na Arua kwa miaka mingi, ikala udongo, na kuni za kuikausha zikala miti. Wazee walipumzisha shamba miaka kadhaa, lakini sasa watu ni wengi, wenyeji na wakimbizi wa Lobule na Rhino Camp pia, na hakuna nafasi ya kupumzisha. Marejea huweza kufanya kwa msimu mmoja sehemu ya kazi ambayo pumziko lilifanya kwa miaka. Panda mahindi mvua za kwanza. Ukimaliza palizi ya pili, tia mbegu za marejea katikati ya mistari. Mahindi yakivunwa, marejea hubaki na shamba zima. Yakianza kutoa maua ya manjano, yakate, uyafukie yangali mabichi, maana ukingoja bua litakuwa gumu kama ukuni na halitaoza upesi.

Majani machanga huliwa. Wajaluo wa Kenya huyaita mitoo na huyapenda. Lakini mbegu zina sumu, msizile wala msiwape mifugo. Acha mstari mmoja ukomae kwa ajili ya mbegu. Maganda yakikauka hulia kama kayamba ukiyatikisa, na hapo yachume asubuhi kabla ya jua kali, kwani jua likiyachoma hupasuka na mbegu zote huruka.