Serikali Mlangoni mwa Nyumba

Wakristo wengi wakisikia kwamba Serikali imetunga sheria juu ya ndoa, hunung'unika. Husema, "Ndoa ni jambo la Mungu na la wazazi, Serikali yatafuta nini humo?" Neno hili lina ukweli, lakini si ukweli wote. Basi katika somo la leo tutafute kwanza kipimo: ni lini Serikali ina haki kuingia nyumbani mwa watu? Kisha tuipime kwa kipimo hicho Sheria ya Ndoa ya Tanzania Bara.

Papa Leo XIII, katika waraka wake Rerum Novarum wa mwaka 1891, alifundisha kwamba familia ilikuwapo kabla ya dola, na kwa hiyo ina haki zake ambazo haikupewa na dola. Wengi huishia hapo. Lakini Papa huyo huyo aliendelea kusema kwamba familia ikizama katika shida ambayo haiwezi kujitoa yenyewe, ni haki isaidiwe na umma; tena, ndani ya nyumba watu wakidhulumiana haki zao vibaya, wenye mamlaka waingie wampe kila mmoja lililo lake. Kufanya hivyo si kuwapokonya raia haki zao, bali ni kuzilinda. Basi milango ni miwili: shida na dhuluma. Nje ya milango hiyo Serikali na isimame uani, ibishe hodi.

Juu ya mlango wa shida hatuna maneno mengi. Ada ya shule ilipoondolewa mwaka 2016, na kaya maskini zilipoanza kupewa ruzuku kwa mpango wa TASAF, wazazi wengi walipumua. Neno gumu liko katika mlango wa pili.

Zamani dhuluma ya nyumbani ilikuwa na waamuzi wake. Mume akimwonea mkewe, mke alirudi kwao, na mume alipaswa kumfuata, akaketi mbele ya wakwe zake na kujieleza. Hatusemi kwamba wazee wale walikuwa na haki sikuzote, la. Mara nyingi mwanamke alirudishwa kwa sababu ng'ombe wa mahari walikwisha kuliwa. Lakini walikuwapo. Leo kijana wa Sumbawanga aoa binti wa Moshi, wapanga chumba Dar es Salaam, na majirani hawajui hata jina la ukoo wao. Wakigombana usiku, shangazi yuko wapi?

Katika mabadiliko hayo ndipo ilipokuja Sheria ya Ndoa, Na. 5 ya mwaka 1971, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei mwaka huo. Kabla yake ndoa ya Kikristo, ya Kiislamu na ya kimila zilikuwa na njia zake mbalimbali. Sheria hii ilizikusanya chini ya paa moja. Ilitamka kwamba ndoa ni muungano wa hiari wa mwanamume na mwanamke, uliokusudiwa kudumu maisha yao yote. Iliagiza kwamba ndoa iliyofungwa kanisani na Wakristo wawili isigeuzwe kuwa ya wake wengi maadamu wote wawili wangali Wakristo. Iliweka pia mabaraza ya usuluhishi, ili watu wasikimbilie talaka mahakamani kabla hawajapatanishwa. Mkristo hana sababu ya kuyachukia haya.

Tutazame kifungu cha 114, kihusucho kugawa mali ndoa inapovunjwa. Kwa miaka mingi mahakimu walibishana: mke aliyepika, aliyelea watoto na kutunza nyumba, lakini hakutoa hata shilingi moja ya kununulia matofali, je, alichangia? Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, ilijibu kwamba kazi za nyumbani ni mchango. Mleta rufani mwenyewe hakupata fungu jipya katika shauri lile, lakini neno lililotamkwa limewafaa wanawake wengi baada yake. Sisi hatuipokei talaka. Hata hivyo ni halali kuuliza kwa nini jasho la mama jikoni lilitambuliwa na majaji kabla halijatambuliwa na waume wengi waendao Misa kila Dominika.

Kifungu cha 160 ndicho kinachozungumzwa zaidi, na kueleweka vibaya zaidi. Huko mitaani husikika kwamba mtu akikaa na mwanamke miezi sita, basi ni mkewe. Si kweli. Sheria yasema kwamba mwanamume na mwanamke wakiishi pamoja miaka 2 au zaidi, na watu wakawahesabu kuwa mume na mke, itadhaniwa kwamba wameoana. Na dhana hiyo yaweza kupingwa kwa ushahidi. Lakini hata ikipingwa, kwa mfano mume akionekana kuwa na mke wa kanisani mahali pengine, mwanamke yule aweza kuomba matunzo yake na ya watoto.

Je, hapo Serikali imebariki kukaa kinyumba? Wapo wasemao hivyo. Sisi twaona kwamba imefanya alilosema Papa Leo: imempa kila mmoja lililo lake. Mtoto hakuchagua wazazi wake wafunge ndoa au wasifunge. Dhana hii ya mahakama haiwi Sakramenti, wala haimfungulii mtu njia ya kukomunika. Na tukitaka watu waache kukaa kinyumba, tuanze kwa kutazama kinachowazuia kuja kanisani. Kijana aogopa ukumbi, magari na kadi za michango. Kamati ya harusi yakutana mara kumi, na mapatano na paroko hukumbukwa mwishoni. Kanisa halikudai pilau. Ladai wawili hao, padre au shemasi, na mashahidi wawili.

Sasa tuje mahali ambapo sheria hii yashindwa mbele ya kipimo chetu. Kifungu cha 13 kiliweka umri wa kuoa kuwa miaka 18 kwa mwanamume, lakini kwa msichana miaka 15. Tena mahakama yaweza kumruhusu hata mwenye miaka 14. Mwaka 2016, kwa shauri lililofunguliwa na Rebeca Gyumi, Mahakama Kuu iliamua kwamba vifungu vya 13 na 17 vinapingana na Katiba. Serikali ilikata rufani. Hoja yake mojawapo ilikuwa kwamba umri huo mdogo humlinda msichana asizae nje ya ndoa. Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani iliikataa rufani hiyo. Mwaka mmoja uliotolewa wa kurekebisha sheria ulikwisha mwaka 2020 bila Bunge kuibadili. Uchunguzi wa afya wa mwaka 2022 ulionyesha kwamba, kati ya wanawake wa miaka 20 hadi 24, karibu 3 katika kila 10 walikuwa wameolewa kabla ya kutimiza miaka 18. Hapo mlango wa dhuluma u wazi, na mwenye kupaswa kuingia amesimama nje.

Lakini kabla hatujainyoshea kidole Serikali, tufungue kitabu chetu wenyewe. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, kanuni ya 1083, yaweka umri wa miaka 16 kwa mwanamume na 14 kwa mwanamke, nayo yaliruhusu Baraza la Maaskofu kuweka umri mkubwa zaidi. Kanuni ya 1072 yawaagiza wachungaji wawazuie vijana wasifunge ndoa kabla ya umri uliozoeleka katika nchi. Na kanuni ya 1071 yakataza, bila ruhusa ya Askofu, kusimamia ndoa ya kijana aliye chini ya miaka 18 ikiwa wazazi wake hawajui au wana sababu ya haki ya kuipinga. Haisemi lolote juu ya wazazi ambao ndio wenye haraka, baba aliyekwisha kupokea mahari na mama aogopaye aibu ya mimba. Hapo mlinzi aliyebaki ni katekista wa kigango, anayeandika majina ya wachumba kabla ya matangazo ya ndoa, na aijuaye vizuri tarehe ya kubatizwa kwa binti yule.