Kidole cha baba hakinyooki

Swali: Baba yangu, mkulima wa Balangdalalu, kidole chake cha pete kimejikunja, na kiganjani ana uzi mgumu. Je, apasuliwe?

Jibu: Dalili hizo zinafanana na ugonjwa wa Dupuytren, unaoitwa kwa jina la daktari Mfaransa aliyeufanyia upasuaji mwaka 1831. Utando chini ya ngozi ya kiganja hunenepa na kukaza. Kano zenyewe ni nzima. Kwa Waafrika ni nadra, hivyo makovu ya moto au jeraha yachunguzwe pia. Mwambie alaze kiganja mezani. Kisipolala bapa, mpelekeni Hospitali ya Haydom akapimwe, pamoja na kisukari, ambacho huweza kuambatana na ugonjwa huu. Kwa kawaida upasuaji hufikiriwa kifundo kikipinda nyuzi 30 au zaidi. Akishapasuliwa, msimamieni afanye mazoezi ya vidole bila kukosa ili visikakamae. Hata hivyo, ugonjwa huweza kurudi.