Kutunza mashine ya kusaga ya kijiji

Mashine ya kusaga inaposimama, akina mama hulazimika kubeba mahindi hadi kijiji kingine, na kikundi hukosa mapato. Mara nyingi chanzo ni jambo dogo lililopuuzwa: oili chafu, mkanda uliolegea au nyundo zilizolika. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Kila siku kabla ya kuwasha

■ Pima oili na maji ya kupozea injini.

■ Futa vumbi la unga. Anayefuta huona nati iliyolegea au oili inayovuja mapema. Ndiyo maana viwanda vingi vya Japani, tangu miaka ya 1970, humkabidhi mwendeshaji usafi na ukaguzi wa mashine yake.

■ Hakikisha mahindi hayana mawe wala misumari.

Hesabu saa za kazi

Injini nyingi ndogo za dizeli huhitaji oili mpya kila baada ya saa 100 hadi 250; fuata kitabu cha injini yenu. Mashine inayofanya kazi saa 6 kwa siku, siku 6 kwa wiki, hutimiza saa 36. Kwa hiyo saa 250 hufika baada ya wiki saba tu. Chujio la hewa lisafishwe mara nyingi zaidi, kwa sababu vumbi ni jingi.

Nyundo na mikanda

Zima injini kabla ya kufungua kinu. Ncha za nyundo zikilika, zigeuze upande wa pili. Pande zote zikiisha, badilisha nyundo zote kwa pamoja. Ukichanganya mpya na za zamani, uzito hautalingana, kinu kitatetemeka na beringi zitaharibika. Mikanda pia ibadilishwe yote kwa pamoja, kwani mpya ikiwekwa na iliyolegea hubeba mzigo peke yake.

Daftari na akiba

Andikeni saa za kazi, matengenezo na gharama. Tengeni fedha za vipuri kila siku kabla ya kugawana mapato. Wekeni stoo mikanda, chekeche na seti moja ya nyundo. Mfadhili anayetembelea mradi aombe kuona daftari hilo. Litamweleza mengi kuliko picha za uzinduzi.

Maswali ya kujadili

■ Mashine yetu ilisimama siku ngapi mwaka jana, na kwa nini?

■ Nani hushika daftari, na nani hulikagua?

■ Mkanda ukikatika leo, fedha ya kununua mwingine ipo?